Kijiko, Dakika ya Sitini na Moja

Filamu hii nimeitafsiri mara kumi na saba
katika banda la Kapaya, hapa Isevya,
viti vya plastiki thelathini, feni moja inayolalamika,
kipaza sauti kimefungwa kwa mpira wa baiskeli.
Naijua kama fundi viatu ajuavyo mguu wa mteja:
inapobana, inapopwaya.

Ni katuni, ndiyo. Mtoto anavuta chuma kwa viganja.
Watu wazima huingia wakidai wamesindikiza watoto.

Hatua ya kwanza haina haraka. Dakika kumi na mbili nzima
kabla msumari wa kwanza haujachomoka ukutani.
Kabla ya hapo ni jiko tu, mama, uji,
na kijiko kilichopinda mpini.
Vijana wa nyuma hupiga miluzi: peleka mbele!
Sipeleki.
Anayeuruka uji huu
hatajua baadaye ni nini kilichovunjika.

Baba yangu alifunga mabehewa pale stesheni.
Usiku aliigawa treni: haya ya Kigoma, haya ya Mwanza,
abiria wamelala, hawajui wamekatwa.
Mtu huamka anaelekea kaskazini
na mwenzake wa jana hayupo dirishani.
Hatua ya pili ikianza vizuri huanza hivyo,
mtikisiko mdogo, hakuna aliyegeuza shingo.

Katikati kuna ushindi. Hapo sauti yangu hupanda,
natia vina, maana watu wamelipa mia tano:

    Chuma chote chamtii, na nyundo, nanga na panga,
    Kwa kelele hasikii, shangwe zimejaza anga,
    Kuvuta hajizuii, daraja linajitenga,
    Mwenye nguvu hatulii, kila avutapo, janga.

Makofi. Soda inamwagika.
Nao hawajaona kwamba wameshangilia daraja likianguka.

Sasa, ugomvi wangu na Mihayo, mshika rimoti.
Yeye anasema hatua ya pili inaishia kwenye mnara:
dakika ya hamsini na nane, vumbi, muziki umezama,
shujaa amepiga magoti. Nini tena unataka?
Nilikubali. Nilikubali mara kumi na sita.

Kuna mtoto, Nyamizi wa Kalunde, muuza karanga,
hulipa kwa vikombe viwili vya karanga mbichi
na huondoka kabla ya magharibi, ndoo zinamsubiri bombani,
kwa hiyo hatua ya tatu hajawahi kuiona.
Alisimama mlangoni, kisahani kichwani, akasema:
"Mnara si kitu. Wewe hutazami kijiko?"

Nikarudisha nyuma.
Mama ameweka bakuli mezani. Hasemi neno.
Kijiko kinatetemeka, kinamjia mtoto chenyewe,
taratibu, mpini wake uleule uliopinda.
Naye anaficha mikono chini ya meza.

Basi. Sekunde ishirini na mbili, kimya.
Na kimya hicho mimi, mara kumi na sita,
nimekijaza utani: eti uji wa moto, eti kijana kashiba.

Hatua ya tatu nisiisifu bure.
Ngumi nyingi kuliko sababu, dude la chuma, moto,
halafu shujaa anashinda kwa kufungua viganja na kuachia.
Wazo zuri, limepewa dakika mbili.
Picha ya mwisho ni mji unapunga bendera.
Jiko halionekani tena.

Mara ya kumi na saba, ilipofika sitini na moja,
niliweka kipaza sauti chini, juu ya paja.
Feni ilisikika. Mtu mmoja akauliza kama umeme umekatika.

Jioni nilimkuta Nyamizi bombani, wa sita kwenye foleni,
nikataka kumsimulia mwisho.
Akasogeza ndoo yake kwa mguu.
"Naujua," akasema. "Anakula."